Fidla ya Tisa

Jumatatu, 3 Machi

Nimekwisha. Leo baada ya mazoezi Mwalimu katangaza kwamba Jumamosi kila mpiga fidla atapiga peke yake, mbele ya watu. Amechoka, anasema, kuona fidla tisa na kusikia nane.

Ya tisa ni yangu. Nina miaka sita kwenye kikundi hiki na sijawahi kutoa sauti hata moja. Siri ni ulimbo. Wenzangu huusugua kwenye nywele za upinde ili zing'ang'anie nyuzi. Mimi zangu naziosha kwa sabuni. Upinde unateleza tu, kimya. Lakini mkono wangu! Wakivuta, navuta. Wakisukuma, nasukuma. Mwalimu mwenyewe aliwahi kuwaambia wengine wautazame.

Balaa zaidi: mama mkwe anakuja. Fidla ni ya marehemu baba mkwe, na kasema nisipoweza kuiliza itakwenda kwa Shemeji, mdogo wake mke wangu, anayekaa kiti cha mbele yangu kikundini. Mke wangu kamjibu mama yake kwamba mumewe ni fundi. Alijibu bila kusita. Hilo ndilo linaloniuma.

Jumanne, 4 Machi

Nimepaka ulimbo. Nimepaka wa miaka sita yote. Nikavuta.

Sauti iliyotoka siwezi kuiandika. Mke wangu akauliza kutoka jikoni kama ni mlango wa choo. Nikasema ndiyo. Akaja na chupa ya mafuta, ikabidi nipake bawaba zote za nyumba, upinde kwapani. Alasiri fundi cherehani wa jirani akagonga, akauliza kwa upole kama tunahitaji mtu wa kusaidia kumshika. Sikuuliza kumshika nani.

Jumatano, 5 Machi

Nimejishusha, kidogo. Nimemwita Shemeji, nikamwambia nimeona kasoro kwenye mkono wake, aje nimrekebishe kabla hajaaibika Jumamosi. Akaja, hana neno.

Tukakaa tukitazamana, magoti yakikaribia kugusana. Nikamwambia apige polepole huku akinieleza kila anachofanya, kana kwamba namtahini. Akaeleza. Usikandamize, uzito wa mkono wenyewe unatosha. Ukivuta, anzia kwenye kishikio, ufike hadi ncha. Nilifuata yote. Mkono wake ulipokwenda dirishani, na wangu dirishani. Ulipokwenda mlangoni, na wangu mlangoni.

Alipiga vizuri mno. Nikamwambia si mbaya, azidi kujitahidi. Akashukuru. Namwonea wivu unaoninyima raha, na kuuandika hapa hakujanisaidia chochote.

Alhamisi, 6 Machi

Aibu. Mazoezi ya mwisho, nilijiamini, nikafumba macho ili nisimtegemee mtu. Fidla nane zikavuta kwenda kulia. Yangu ikasukuma kwenda kushoto. Kushoto kwangu hukaa Kinyozi. Ncha ya upinde ikaingia nyuma ya miwani yake, miwani ikaruka hadi miguuni kwa Mwalimu.

Hapo nikaelewa. Shemeji alikuwa kanielekea! Nilimfuata kama mtu anayejitazama kwenye kioo, kwa hiyo nilichojifunza chote kimegeuka, kuvuta ni kusukuma na kusukuma ni kuvuta.

Mwalimu akauliza ninafanya nini. Nikamjibu ni mtindo mpya. Akasema atafurahi kuusikia Jumamosi.

Ijumaa, 7 Machi

Shauri jipya. Ukumbini kuna pazia nyuma ya kiti cha mpigaji. Nimemwambia Shemeji kwamba bega limeteguka, mkono unakwenda lakini hautoi sauti. Akae nyuma ya pazia na fidla yake apige, mimi mbele nivute upinde wangu wa sabuni. Ishara ni kikohozi.

Akasema sawa, shemeji, kwa ajili ya dada. Angekataa ningepata nafuu.

Jumamosi, 8 Machi

Nilikohoa. Fidla ikalia. Mama mkwe, safu ya kwanza, akatoa leso. Mke wangu akawa anawageukia watu mmoja mmoja, kuhakikisha wananiona. Kwa dakika mbili nilikuwa mtu. Nikafumba macho, nikaanza kuyumba.

Halafu nikasikia kicheko, cha chini chini, kisha cha ukumbi mzima. Nikafumbua macho. Nyuma ya pazia Shemeji alikuwa ameweka upinde chini na anadonoa nyuzi kwa vidole, ti, ti, ti. Na mimi mbele ya watu wote navuta upinde taratibu, kutoka kishikio hadi ncha, kwa hisia.

Wimbo haukuandikwa hivyo. Mama mkwe akasimama, akasema marehemu ndiye aliyezoea kuumalizia kwa vidole, na alimfundisha mtu mmoja tu. Akanipita bila kunitazama, akafungua pazia. Shemeji alikuwa analia. Akasema samahani, alimkumbuka baba akajisahau.

Mama mkwe akaninyooshea mkono. Nikampa fidla. Nilipotafuta uso wa mke wangu, kiti chake kilikuwa kitupu.

Jumapili, 9 Machi

Msumari wa kutundikia fidla uko ukutani, hauna kitu. Mke wangu kasema hakuwahi kujali kama najua kupiga au sijui. Kinachomuuma ni miaka sita ya kunitetea kwa watu. Nikaenda bafuni, nikafungua bomba, nikalia.

Nimelitafakari sana kosa langu. Kosa lilikuwa kuchagua fidla. Upinde unamuumbua mtu, kila mwenye macho anaona unakokwenda. Sasa, mpiga filimbi wetu wa pili kahama mji, na Mwalimu bado hajapata mtu. Pumzi nani ataiona? Tangu saa nne asubuhi nimesimama mbele ya kioo, navimbisha mashavu. Mke wangu kapita, akauliza nina nini tena. Nimemwambia ni jino.