Mwanamke Aliyekubali Kurudia

Jumatatu, 3 Juni

Shangazi amekubali! Nitampiga filamu akichimba viazi vya mwitu kule bondeni. Ni shindano kubwa la filamu za vyakula vya asili, na Shemeji naye anashiriki. Mume wa dada yangu! Mpiga picha wa harusi! Mwaka jana alipata tuzo kwa filamu ya uyoga, na tangu hapo hatuli bila kusimuliwa uyoga. Safari hii atakoma.

Shangazi ana masharti. Kichwa cha kiazi kirudishwe shimoni, kifukiwe, kiote tena. Ukishachimba, unaondoka. Na ukimkuta mtu mwingine anachimba bondeni, pita, usimwombe kitu. Nimeitikia yote. Nilikuwa nachaji betri.

Jumanne, 4 Juni

Balaa. Shangazi amechimba vizuri ajabu, akafukia, akajipangusa mikono. Kumbe sikubonyeza kitufe! Nikamwomba arudie. Akakataa katakata, akashika njia ya nyumbani. Nikabaki nimenuna.

Lakini ana moyo wa huruma. Sikukaa sana nikamwona tena shimoni, ameinama, kitambaa kilekile kichwani. Nikamwomba arudie. Akarudia. Arudie polepole. Akarudia. Hakuchoka, hakulalamika, hakusema neno. Alinipa mgongo tu. Na ndege wote walinyamaza, kwa hiyo sauti imetoka safi!

Jumatano, 5 Juni

Nimemshukuru Shangazi kwa kurudi. Akasema hakurudi, alipotoka bondeni alikwenda zahanati na dada, wakashinda huko. Dada akathibitisha. Nikawaonyesha picha. Dada akatoka nje. Shangazi akaweka kikombe chini taratibu.

"Umemwomba mara ngapi?"

Nikasema sikuhesabu.

"Basi na yeye atakuomba. Kataa, mwanangu, hata kikiwa kitu kidogo. Futa hizo picha, usikanyage tena kule. Kaka yangu aliniachia nyie wawili tu."

Alikuwa analia. Nisiseme uongo, niliogopa. Nimeapa kufuta.

Shemeji akauliza bonde liko upande gani. Ahaa! Anataka kuniibia mhusika.

Alhamisi, 6 Juni

Sijafuta. Nimekagua. Kila anaporudia, shimo limezidi kina, naye yuko karibu zaidi na kamera, ingawa mimi sikusogea hata kidogo. Nywele zimenisimama. Lakini ule mwanga, jamani! Kinachokosekana ni uso tu, na majaji wanapenda uso. Kesho naenda mapema, kabla Shemeji hajaamka.

Ijumaa, 7 Juni

Alikuwa ananisubiri! Bado mgongo. Nikamwomba ageuke. Akanijibu kwa sauti ya Shangazi, akaomba nimshikie kwanza mti wa kuchimbia, anyooshe kiuno. Sasa hicho nacho ni kitu cha kumnyima mtu? Nikaushika.

Akaondoka na kamera yangu. Alipokuwa anapanda mteremko nikaona amevaa koti langu, na anatembea kwa mwendo wangu. Huko juu nikawasikia Shangazi na Shemeji, wamekuja kunitafuta. Wakaita jina langu. Akaitika yeye. Shangazi akamkumbatia, akamshukuru Mungu, wakaenda naye nyumbani. Niliita kutoka shimoni, miguu imekataa kutoka, hakugeuka mtu.

Na Shemeji ndiye aliyembebea kamera. Anavyojua kujipendekeza!

Mikono yangu inachimba yenyewe. Imeacha kidogo, ndipo naandika haya. Sina wasiwasi. Atakuja mpiga filamu mwingine, wapo wengi. Na mimi sitampa mgongo. Uso kama huu ni wa sinema.