Mbwa wa Mlinzi Kavishwa Umeme

Asubuhi ile habari ilifika kijiweni kabla ya kahawa. Aliyeileta ni Redio, kinyozi wetu, tunayemwita hivyo kwa sababu hana swichi ya kuzimia.

"Jamani, mmesikia? Mlinzi wa ghala la mbao kamvisha mbwa wake umeme shingoni! Akibweka tu, anakaangwa!"

"Umeona au umesikia?" Fundi Viatu akauliza bila kuinua macho kwenye soli.

"Nimesikia kwa aliyeona. Moshi unatoka masikioni!"

Hata hajamaliza, Mlinzi mwenyewe huyo, kashika kamba ya Bosi, mbwa mweusi mkubwa kama ndama, shingoni ana mkanda wenye kijidude cha plastiki. Wote tukakunja miguu. Bosi ana ugonjwa wa kukimbiza pikipiki. Juzi kamwangusha dereva mmoja, na mwenye ghala akatoa wiki mbili: mbwa atulie au aondoke. Mlinzi hana mke wala mtoto. Huyo Bosi kamlea kwa chupa ya maziwa tangu macho hayajafunguka.

"Kaka, huna huruma?" Redio akamvaa.

"Huruma ya nini? Wiki nzima kauvaa umezimwa."

"Umezimwa? Si bora ungemvalisha tai!"

"Ndivyo anavyozoeshwa. Namvisha, nampa chakula. Namvisha, tunatembea. Sasa akiuona tu, mkia hautulii. Ukianza na umeme siku ya kwanza, atauogopa mkanda, na mimi ataniogopa."

"Na ukiuwasha?"

"Nimeuwasha jana. Kwanza unalia *tii*, namwita, akija anapata kipande cha nyama. Umeme ni wa mwisho, tena namba ya chini kabisa. Sikio likicheza tu, basi."

"Mimi nilivyofundishwa kazi mbona sikupewa nyama?" Fundi akanung'unika.

"Longolongo!" Redio akasimama. "Bonyeza mpaka mwisho mara moja, somo limeisha. Hebu lete huo mkanda. Mimi hata namba kumi siisikii."

Mlinzi akamfunga mkononi, akatoa rimoti mfukoni, akabonyeza moja.

"Mbu huyo!" Redio akacheka, akampokonya rimoti, akajibonyezea kumi mwenyewe.

Ukelele uliotoka hapo sikuwahi kuusikia. Kahawa ikaruka, ikatua ndani ya kiatu cha mteja.

"Nimeteleza," Redio akasema, akihema.

"Ulikuwa umesimama palepale. Umeteleza wapi?" Fundi akamuuliza.

Tukacheka hadi machozi. Mlinzi akachukua rimoti yake, akamrudishia Bosi mkanda, na hapo pikipiki ikapita ikinguruma. Kamba ikamchomoka. Bosi huyooo, na upande wa pili lori la mbao linakuja. Kicheko kikatukauka. Mlinzi akabonyeza.

*Tii.*

Bosi akageuka katikati ya mwendo, akarudi mbio huku mkia ukipepea. Lori likapita nyuma yake.

Mlinzi akapiga magoti, akamkumbatia, akampa nyama yote iliyobaki mfukoni.

"Umetumia namba ngapi?" Redio akauliza polepole.

"Hakuna namba. Sauti tu."

Mara mfukoni mwa Redio simu ikatetemeka, *trrr*. Kabla haijatetemeka tena, keshaichomoa, sikio simuni.

"Naam, mke wangu! Niko njiani!"

Akatoka mbio, ndala moja kaiacha chini ya benchi. Fundi akamsindikiza kwa macho mpaka alipokata kona.

"Huyu naye," akasema, "alizoeshwa kwa nyama au kwa namba kumi?"