Mfungwa wa Daraja

Jumatatu, 4 Machi

Runingani asubuhi. Mtangazaji kaniuliza ghafla nani alijenga daraja la zamani. Mimi, mwanahistoria mzima, shahada yangu ya uzamivu ni ya kodi za mazao! Nilikumbuka kibao kilichopo pale, jina nikalisahau. Kusema "sijui" mbele ya kamera? Heri nivuliwe nguo sokoni. Nikasema: mfungwa. Alijenga kwa ahadi ya kuachiwa huru, akafa siku lilipowekwa jiwe la mwisho. Mtangazaji machozi yakamlengalenga. Hata mimi nilihuzunika.

Jumanne, 5 Machi

Kinyozi kaninyoa huku akinisimulia habari za mfungwa wangu. Kamwongezea na mchumba. Mchumba mzuri, nitamtumia.

Ofisini, mwenzangu Miwani kaniuliza nimempata wapi huyo mfungwa. Tunatumia chumba kimoja tangu tuajiriwe chuoni. Yeye bado anafukua majalada, mimi napakwa poda. Nikamjibu kuwa utafiti unaendelea. Akauliza unaendelea wapi, saluni? Wivu huo! Kikulacho ki nguoni mwako.

Alhamisi, 7 Machi

Baraza la mji litang'oa kibao cha zamani, liweke cha mfungwa. Mzinduzi ni mimi! Mke wangu kauliza kile cha zamani kimeandikwa nini. Nikamwambia kina kutu. Akasema hakuuliza habari za kutu. 

Ijumaa, 8 Machi

Kaja bibi mmoja ofisini. Nikadhani anataka picha, nikanyoosha tai. Kumbe baba yake ndiye fundi mkuu aliyejenga lile daraja. Aliteleza akaanguka akafa, bibi angali tumboni mwa mama yake. Hakuwahi kumwona. Utotoni alikuwa akipelekwa pale darajani, ananyanyuliwa akiguse kibao, mama anamwambia amwamkie baba yake. Sasa wajukuu zake shuleni wanaitwa ukoo wa jela.

"Mwanangu," akasema, "baba yangu hakuiba hata msumari. Umeyasema kwenye runinga. Yarudishe huko huko."

 Kalamu ya Miwani ilikuwa imesimama. Nikaapa kwamba nitayarudisha. Bibi akaushika mkono wangu kwa mikono yake miwili, akanishukuru. Kunishukuru mimi!

Jioni nikaenda darajani. Jina lipo. Limefifia kwa kuguswaguswa. Zamani ningeweza kushinda kutwa nzima juu ya karatasi moja iliyoliwa na mchwa, nihakikishe herufi moja tu, na nirudi nyumbani naimba. Yule kijana kaenda wapi? Nililia kidogo. Mpita njia akaniomba tupige picha. Nikakubali, lakini sikutabasamu sana.

Jumapili, 10 Machi

Nimeandika maneno ya kuomba radhi, nitayasoma kesho kwenye uzinduzi, mbele ya kamera. Nilikosea, jina la fundi ni hili, namwomba radhi binti yake. Basi. Mke wangu kasoma mara mbili. Kasema hajaniona nikiandika kitu kizuri hivi tangu tuoane. Akanipigia shati pasi mwenyewe. Hata Miwani kapiga simu kunitakia heri. Nimejisikia mwepesi kama niliyetua gunia.

Jumatatu, 11 Machi

Nimerekebisha!

Haikuwa rahisi. Mtangazaji alinitambulisha ukumbini kama mtu aliyeufumbua mji macho. Makofi. Safu ya mbele wamevaa fulana za mfungwa! Nikaikunja karatasi ya radhi. Kuwavunja moyo watu wote wale, na fulana zao mpya? Nikapata njia ya katikati. Nikatangaza kwamba uchunguzi mpya umebaini yule mfungwa alisingiziwa. Hakuiba hata msumari! Ukumbi mzima ukasimama. Mchumba naye nikamtia, wakalia.

Nikampigia bibi tufurahi pamoja: baba yake ametakasika.  Akasema, "Haya, mwanangu," akakata simu. Uzee. Furaha ikizidi nayo huwachosha.

Mke wangu kaenda kwa dada yake, hakusema anarudi lini. Miwani kahamishia meza yake chumba cha mwisho kwenye korido. Ofisi imekuwa pana, ina mwangwi. Nilikaa humo kitambo nikiwa na uzito fulani kifuani, nadhani ni ile poda.

Kesho wananitaka nielezee asili ya soko kuu. Sijui lolote kuhusu soko kuu. Lakini nahisi palikuwa na mjane.