Mandhari Nambari Tatu

Wananchi wote na wageni wote waliarifiwa kwamba, kuanzia tarehe mosi Mei, uzuri wa pwani ya magharibi ya Ayalandi utakuwa chini ya usimamizi wa Serikali. Hapo awali uzuri huo ulikuwa ukitazamwa ovyo ovyo, kila mtu na macho yake, na hali hiyo isingeweza kuendelea.

Ndivyo lilivyoanza tangazo la Wizara ya Mandhari na Upeo, na Attracta Gildea, mwongoza watalii, alilisoma mara tatu jikoni kwake huku chai ikipoa. Lilikuwa na kurasa sitini na mbili, kila ukurasa na busara yake. Baada ya utafiti wa kina uliofanyika ofisini, Wizara iligundua kwamba mandhari za pwani ile ni kumi na moja tu. Zilizobaki ni majani na mawe. Kila mandhari ilipewa nambari, kibao na dakika nane. Mtalii akitazama dakika saba, amepunjwa. Akitazama tisa, ameiba. Mwongoza watalii naye atasoma maneno yaliyoidhinishwa, hayo kwa hayo, bila chumvi wala pilipili. Akikosea mara tatu, beji inarudi Wizarani.

Hapo chai ikamshinda kabisa. Attracta alikuwa na miaka hamsini na minne, magoti yanayolalamika kila akikanyaga ngazi, na kazi moja tu aliyoijua duniani: kusimama mbele ya basi na kuwasimulia watu pwani ya kwao. Bila beji angehamia Athlone, bara kabisa, kupokea simu kwenye duka la magodoro la dada yake. Dada mtu alikuwa ameshamtandikia kitanda, na jambo hilo lilimtisha kuliko kurasa zote sitini na mbili.

Basi, siku ya Alhamisi, akapakia watalii thelathini na wanane, Wajerumani wengi na Wamarekani kidogo. Malachy Tubridy, dereva wake wa miaka yote, alikuwa kwenye usukani. Kwenye kiti cha kwanza alikaa Bwana Ignatius Prunty, Mkaguzi Mkuu wa Mandhari, kofia kichwani na saa ya kuhesabia sekunde ikining'inia shingoni. Bwana Prunty alikuwa mtu mwadilifu. Hakula rushwa, hakusema uongo, na hakuwahi kucheka kazini, na ukimjumlisha hivyo alikuwa balaa tupu.

"Leo sitaki mchezo, Bi Gildea," akasema. "Mheshimiwa Waziri mwenyewe anakata utepe Mandhari Nambari Tatu saa sita na dakika kumi. Basi hili ndilo litakalokuwa basi la kwanza kutazama kihalali."

"Tutafika, Bwana Prunty. Mungu akipenda."

"Mungu hayumo kwenye ratiba."

Walifika Mandhari Nambari Moja kwa wakati. Ukungu nao ulikuwa umeshafika.

"Upande wenu wa kushoto," Attracta akasoma, "mnaona majabali yenye urefu wa mita mia mbili yakipigwa na mawimbi ya Atlantiki."

Kushoto palikuwa na ukungu. Kulia palikuwa na ukungu vilevile, ila huo haukuwa umeidhinishwa.

"Wapi?" akauliza Bi Gudrun, mama wa Kijerumani aliyevaa koti la mvua la rangi ya limau. Alikuwa amefuta dirisha mara nne kwa kiwiko.

"Ukungu, mama yangu. Leo huoni kitu, hata mkono wako mwenyewe utauaga."

Kalamu ya Bwana Prunty ikakwaruza. "Kosa la kwanza. Kukanusha mandhari mbele ya wageni."

"He! Kwani wewe unaona nini?"

"Naona majabali," akasema Prunty bila kupepesa. "Mita mia mbili."

Mandhari Nambari Mbili, jua lilichungulia kidogo. Mzee mmoja wa Ohio alishuka kwa mkongojo, ngazi moja baada ya nyingine, na alipofika chini muda ulikuwa umekwisha. Attracta akamwacha atazame kidogo. Roho yake haikumruhusu kumrudisha mzee wa watu ndani ya basi akiwa ameona ngazi tu.

"Kosa la pili," akasema Prunty. "Wizi wa mandhari, dakika moja na sekunde kumi."

Attracta akarudi kwenye nafasi yake. Lilibaki kosa moja. Akajiapia kwamba kuanzia hapo atakuwa kasuku wa kusoma karatasi, hata ng'ombe aingie ndani ya basi.

Ng'ombe hakuingia. Kwenye njia panda ya Dunmorrin, Malachy alikanyaga breki, akavua kofia, akaiweka magotini. Mbele yao gari jeusi la kubebea maiti lilikuwa likienda mwendo wa kutembea, na nyuma yake magari yamefuatana hadi macho yanachoka.

"Nini hiki?" akauliza Prunty.

"Msiba. Murt Lernihan, aliyekuwa akiendesha lori la maziwa. Miaka tisini na mmoja, maskini."

"Mpite."

Malachy akamtazama kwenye kioo. "Nimpite nani?"

"Marehemu. Tuna dakika kumi na tisa."

"Bwana mkubwa, mimi nimezaliwa barabara hii. Hapa watu wamepita polisi, wamepita gari la wagonjwa, na yuko mmoja namjua alimpita askofu kwenye kona. Jeneza halipitwi."

"Lakini yeye hana haraka!"

"Ndiyo maana katangulia. Sisi wenye haraka tutamfuata tu."

Watalii wa viti vya mbele wakatega masikio kama watu wanaosikiliza ugomvi wa jirani. Prunty akasimama, akarekebisha tai. "Bi Gildea, wewe ndiye msimamizi wa basi hili. Mwamuru dereva apite. La sivyo hii ni safari isiyoidhinishwa nyuma ya kitu kisicho mandhari, na ni kosa la tatu."

Attracta alilitazama lile jeneza kwa mbali, na mashada yake ya maua. Murt alikuwa akirudisha lori lake nyuma nusu maili kila asubuhi ili basi la Attracta lipite, na hakuna siku hata moja aliyonuna. Akalifikiria duka la magodoro. Akataka kulia kwa hasira.

"Malachy," akasema, "fuata msiba."

"Naam, dada."

"Na wewe Bwana Prunty, andika. Ukimaliza kuandika, vua kofia."

Prunty akaandika. Kisha akanyoosha kiganja, na Attracta akaivua beji yake ya miaka thelathini akamwekea.

Lakini mtu mwadilifu haachi kazi nusu. Prunty alishuka kwenye manyunyu, akatembea haraka hadi gari la mwisho la msafara, lililokuwa mbele tu ya basi, refu jeusi, vioo vyake vimejaa mvuke. Ndani mtu alikuwa akiongea na simu. Akachomeka chini ya waipa Hati ya Kuziba Upeo, Kifungu cha Kumi na Nne: mwenye gari haruhusiwi kutazama bahari kutoka mahali popote pa umma kwa siku tisini. Akarudi ameloa, ameridhika.

Njia ya makaburini ilikuwa nyembamba, basi lisingeweza kugeuka hata kwa maombi. Wakafika nalo hadi langoni, wakashuka wote thelathini na wanane, na kwa kuwa huwezi kushuka kwenye msiba ukasimama kando kama nguzo, wakaingia kwenye foleni ya kutoa pole. Bi Nonie Lernihan, mjane, mwanamke mdogo wa umbo mwenye mkono wenye nguvu, aliwapokea mmoja mmoja.

"Karibuni, karibuni. Miaka sitini na tatu ya ndoa, Murt hakuwahi kunitajia jamaa zake wa Ujerumani."

"Pole sana, mama," akasema Bi Gudrun, machozi yakimlengalenga. "Alikuwa mtu mwema?"

"Siku nyingine ndiyo, nyingine hapana. Sasa sikilizeni, tukimaliza hapa hakuna kuondoka. Kuna supu na mikate ya nyama ya nguruwe pale baa, na nimehesabu watu vibaya, chakula kimezidi."

Prunty naye alisukumwa ndani ya foleni. Alipofika mwisho alikuwa ameshikana mikono na watu arobaini, na mmoja alikuwa amemkumbatia.

Padri Cronan alimaliza sala, udongo wa kwanza ukashuka, na ndipo mlango wa lile gari refu jeusi ulipofunguliwa. Akatoka Mheshimiwa Philomena Garrahy, Waziri wa Mandhari na Upeo, karatasi iliyolowa mkononi.

Mtu asishangae. Ni kweli kwamba saa ile Mheshimiwa alitakiwa kuwa Nambari Tatu na mkasi wake. Lakini Nambari Tatu palikuwa na maofisa wawili na utepe, na hapa makaburini palikuwa na wapiga kura mia tatu. Katika miaka kumi na minane ya siasa Mheshimiwa hakuwahi kukosa msiba hata mmoja wa jimboni kwake. Alikuwa amezika watu wengi kuliko kipindupindu.

"Nani," akasema kwa sauti ya jukwaani, "aliyebandika hiki kikaratasi kwenye gari langu, nikiwa kwenye maziko ya rafiki yangu mpenzi Mort?"

"Murt," akasema mjane.

"Murt."

Bwana Prunty alibadilika rangi, lakini akajitokeza. "Ni mimi, Mheshimiwa. Na naomba ugeuke."

"Nini?"

"Unatazama bahari, Mheshimiwa. Umezuiwa siku tisini, na hapa ni mahali pa umma."

Watu wote wakageuka kuangalia. Kweli, ukungu ulikuwa umeondoka bila kuaga, na chini ya makaburi bahari ilikuwa imetandaa, ya buluu, kubwa, haina nambari hata moja. Bi Gudrun alitoa sauti ndogo ya mtu aliyepata alichokilipia.

"Kanuni gani ya kijinga hii?" Mheshimiwa akafoka. "Nani aliyeitunga?"

Prunty akatoa nakala ya tangazo ya Wizara, akafungua ukurasa wa sitini na mbili. "Sahihi yako hii hapa, Mheshimiwa. Na pembeni umeandika kwa mkono wako: *Safi sana, kaza kamba.*"

Mtu akakohoa. Mwingine akakohoa zaidi, na kikohozi hicho kilifanana sana na kicheko. Mheshimiwa akaipa bahari kisogo polepole, akajikuta ana kwa ana na nyuso mia tatu.

"Ni makosa ya watendaji," akasema kwa upole mpya. "Wananchi wangu mnanijua. Mnachotaka nyinyi ndicho ninachotaka mimi."

"Basi mrudishieni Attracta beji yake," akasema Bi Nonie. "Mtoto wa watu amesimama kumheshimu mume wangu, nyinyi mnamtoa tonge mdomoni. Hamna haya?"

"Haiwezekani," akasema Prunty kwa huzuni ya kweli. "Uamuzi hautenguliwi mpaka wananchi washauriwe."

"Si hawa hapa?" akasema Padri Cronan. "Umati huu siupati hata Krismasi. Wanaotaka Attracta arudishiwe beji, wainue mikono."

Mikono ikapanda. Watalii wakainua yao. Mheshimiwa, alipoona mpiga picha wa gazeti la wilaya amepanda juu ya ukuta, aliinua wake kuliko wote.

"Wageni hawana kura," akasema Prunty.

"Wana mikono," akasema Padri. "Hesabu."

Prunty akahesabu, akaandika kwamba hoja imepita, akamrudishia Attracta beji yake. Attracta alijaribu kuifunga mara mbili, pini ikamchoma, akacheka huku machozi yanamtoka, akasema ahsanteni, jamani, ahsanteni.

"Na wanaotaka kurasa sitini na mbili zifutwe, wabaki hivyo hivyo," akasema Padri.

Hakuna aliyeshusha mkono. Mheshimiwa naye hakushusha, kwa kuwa siasa ilimfundisha kwamba anayeshusha wa kwanza ndiye anayekumbukwa. Mkono wa kulia ukiwa juu, alikuwa ameshaanza kupita kwa waombolezaji akiwasalimia kwa wa kushoto: huyu anamuuliza goti, yule anamuuliza ndama, na majibu yakimpita sikioni.

"Padri!" Malachy akaita kutoka nyuma. "Mimi nina hoja nyingine. Naona Mheshimiwa amechoka. Tumpumzishe uwaziri na ubunge, arudi nyumbani."

"Malachy, tuko makaburini."

"Ndiyo, Padri. Mahali pa mapumziko."

Padri Cronan akatazama mbinguni, akamtazama mjane. Bi Nonie akaitikia kwa kichwa.

"Haya. Wanaoafiki, wabaki hivyo hivyo."

Makaburini kote mikono ikabaki juu. Bwana Prunty akapita mstari kwa mstari, kidole kikihesabu, hana upendeleo na hana woga, mpaka akamfikia Mheshimiwa, aliyekuwa akimwambia mzee mmoja kiziwi kwamba daima yuko pamoja naye. Mpiga picha akabonyeza.

"Mia tatu na thelathini na tisa," akasema Prunty, akaandika, akapiga mstari chini yake. "Wote wameafiki, Mheshimiwa akiwemo."