Springi Iliyoruka Bila Sauti

Jumatatu, 8 Septemba

Mbweha kachukua mwanakondoo mwingine. Nilimwona mwenyewe asubuhi, kando ya bwawa. Nikalenga, nikapiga, nikakosa. Kukosa si neno. Neno ni kwamba ganda la risasi ya kwanza liligoma kutoka, nikabaki nalichokoa kwa kisu cha mfukoni huku mbweha kakaa kitako ananitazama. Nadhani alikuwa anajifunza.

Ugonjwa naujua. Kwenye komeo la bunduki kuna kikucha cha chuma kinachovuta ganda lililokwisha kazi, na nyuma ya kikucha kuna springi ya kukisukuma. Kikucha changu kimelika. Kipya kimefika leo kwa posta pamoja na springi yake, ndogo kama punje ya mchele. Kazi ya nusu saa.

Jirani yangu Athol Quilty naye alikuwa posta. Kanishauri nipeleke bunduki kwa fundi mjini. Nikamwambia mtu aliyefunga pampu ya kisima kwa mikono yake hashindwi na kikucha. Akanikumbusha pampu yenyewe inavuja. Kisha akasema kama nimeshakata shauri, basi nitie mikono na komeo ndani ya mfuko wa plastiki unaoonyesha, maana springi zile huruka, na ndivyo mafundi wote wanavyofanya. Nikamjibu kwamba mimi si mkate.

Athol ana jibu la kila kitu. Katika karakana yake kila bisibisi imechorewa umbo lake ukutani ijue pa kurudi. Ushauri wa mtu wa namna hiyo haufuatwi hata ukiwa mzuri.

Jumanne, 9 Septemba

Karakana ina baridi. Nimehamia meza ya jikoni. Bunduki iko kwenye kabati lake la chuma, risasi kwenye lake, kama sheria inavyotaka. Mezani lilikuwapo komeo tu.

Na bakuli la Nerida. Mke wangu alikuwa upande wa pili anachanganya keki ya matunda ya maonyesho. Jumamosi ni maonyesho ya kilimo ya hapa Wirrabilla, na katika banda la mapishi Nerida huwa wa pili. Wa kwanza ni Valma, mke wa Athol. Imekuwa hivyo tangu tuoane. Mama yake Nerida naye alikuwa wa pili mpaka anaingia kaburini, kwa keki hii hii. Zabibu zinakatwa moja moja zilingane. Bati linavikwa karatasi tabaka juu ya tabaka. Keki ikishaiva hailazwi kamwe juu ya chanja cha waya, kwa sababu majaji wa huku wakiona mistari ya waya chini ya keki hukata alama kama mtu kaua. Inalazwa juu ya taulo. Mimi mambo haya huyaona ya ajabu, lakini nayaheshimu.

Leo alisema, kwa sauti ndogo, kwamba safari hii anadhani ndiyo. Hasemi hivyo kila siku.

Simu ikalia, akaenda kupokea. Alikuwa Valma, anauliza kama Nerida ataingiza keki mwaka huu. Anajua fika kwamba ataingiza.

Mimi nikang'oa kikucha cha zamani. Nikaweka springi mpya. Hapo ningefunga kikucha kipya na habari ingeishia hapo. Lakini springi ile inaingia kwenye kitundu kidogo sana, na mtu aliyeitengeneza alifikiri nini? Ninataka tu kuiona inavyokaa, nikasema moyoni. Nikaibonyeza kidogo kwa ncha ya bisibisi. Ikaondoka.

Nikatulia, nikatega sikio. Sakafu hutoa sauti. Dirisha hutoa sauti. Sinki hutoa sauti. Sikusikia chochote. Kimya kingi kina mshindo mkuu. Nikatazama kila kitu jikoni kilicho laini, na kilikuwa kimoja tu, bakulini, kinanukia mdalasini.

Nerida akarudi, akakoroga mara mbili tatu, akamimina kwenye bati, akatia kwenye oveni. Akaniuliza natafuta nini chini ya kiti. Miwani, nikasema. Akasema nimeivaa.

Jumatano, 10 Septemba

Keki imetoka. Nimefagia jikoni nzima, jambo lililomtia Nerida wasiwasi juu ya afya yangu. Springi hakuna.

Sasa najiuliza. Springi ndani ya keki huzama au huelea? Joto la oveni huilegeza? Jaji huonja kipande kikubwa kiasi gani? Nimewaza maswali haya siku nzima, na nakiri kuna saa nilifurahia kuyawaza. Halafu nikamwona jaji anauma chuma mbele ya wilaya nzima, na Nerida kasimama pale na kofia yake nzuri. Raha ikaisha.

Nimetoa sumaku kwenye spika ya redio kuukuu. Nerida alipotoka kuwanyonyesha kwa chupa wanakondoo yatima, nikaisogeza karibu na keki iliyokuwa bado inapoa ndani ya bati. Sumaku ikaniponyoka mkononi, ikaruka, ikajibandika. Nikajua nimeipata. Kisha nikakumbuka kwamba bati ni chuma. Kuibandua kulileta kelele, Nerida akauliza toka uani kuna nini. Nikasema paka. Hatuna paka. Nikatia sumaku mfukoni mwa sweta nikakaa.

Jioni nilitaka kumwambia. Naapa nilitaka. Nikaanza, Nerida, kuna kitu. Akanikatiza akasema keki imepanda sawasawa bila ufa hata mmoja, jambo ambalo halijatokea tangu mama yake afariki. Macho yake yalikuwa yanang'aa. Nikasema kitu chenyewe ni kwamba inanukia vizuri.

Alhamisi, 11 Septemba

Wazo! Athol hupenda kwenda kutafuta dhahabu, na anacho kile kifaa cha kupitisha juu ya ardhi kinacholia kikinusa madini. Nikaenda kukiazima. Nikasema nimedondosha nati ya trekta malishoni.

Athol akauliza nati ya saizi gani. Nikataja saizi iliyonijia. Akasema, "Des, mwenzangu, trekta lako halina nati ya saizi hiyo. Nimelitengeneza mimi." Nikasema ndiyo maana inanishangaza. Akanipa kifaa na kijitabu chake cha maelezo huku anacheka peke yake.

Nerida alikwenda kwenye kikao cha chama cha akina mama. Keki alikuwa ameshaibandua karatasi na kuifunga kwa kitambaa. Nikaitoa barazani. Ili kifaa kipite juu na chini pia, niliiweka juu ya chanja cha waya, nikakiegesha juu ya viti viwili. Akili hiyo, si mchezo. Nikakaa juani kusoma kijitabu. Kinavutia mno, kuna sura nzima juu ya namna ardhi nyekundu inavyodanganya. Jua lilikuwa tamu. Nilisoma mpaka mwisho.

Nikapitisha kifaa. Kikalia. Bila shaka, chanja ni waya. Nikaihamishia keki juu ya ndoo ya plastiki niliyoipindua. Nikainama, nikapitisha tena polepole. Kikalia. Nikasimama wima, kikanyamaza. Nikainama, kikalia. Kila nikiikaribia keki, kinalia kama mtoto aliyenyang'anywa titi.

Basi imo. Hakuna shaka tena. Nimeifunga keki kama nilivyoikuta, nikairudisha mahali pake.

Ijumaa, 12 Septemba

Nimejaribu kumshawishi Nerida asiingize keki. Nikasema mashindano ni ubatili, na sisi ni watu wazima. Akaniuliza kama ni mimi niliyesusia hafla ya klabu ya shabaha mwaka mzima baada ya Athol kunishinda kwa risasi moja. Nikaacha mada.

Mpango mwingine. Nimekwenda kwa waandaaji kujitolea kuwa msaidizi wa jaji banda la mapishi. Wakatazamana. Haijapata kutokea mwanamume kuomba kazi hiyo. Lakini watu ni haba, nikapewa aproni. Ni mimi nitakayeshika sahani. Jaji akikata, mimi nitaona kwanza. Springi ikitokeza, nitaipitia na kidole, nitaimeza ikibidi.

Nerida kasikia, kanikumbatia mlangoni. Kasema hajawahi kufikiri kwamba jambo hili nalijali kiasi hicho. Leo sitalala.

Jumamosi, 13 Septemba



Jaji ni mama mwembamba wa wilaya nyingine, kavaa glavu nyeupe. Keki zilipangwa mezani bila majina, lakini ile ya Nerida naijua hata gizani. Nerida na Valma walisimama nyuma ya kamba pamoja na wenzao, kila mmoja akimsifia mwenzake kofia. Athol naye alikuja, na hajawahi kuja. Nilipopita na sahani akaninong'oneza, "Aproni imekukaa, mzee. Nati umeipata?"

Jaji akafika kwenye keki yetu. Akaitazama juu, akaitazama ubavuni. Akatikisa kichwa kwa namna ya kukubali. Nikasikia Nerida anavuta pumzi. Kisu kikaingia. Katikati kikasimama. Kuna kitu kigumu! Nikanyoosha mkono juu ya sahani, jaji akaniuliza kama naumwa. Akakandamiza, kisu kikapita. Ilikuwa lozi.

Akala. Akafumba macho. Akakata kipande kingine, akala hicho pia, na hakuna keki nyingine aliyoirudia. Springi hakuna. Nilijisikia mwepesi kama aliyefutiwa kesi.

Halafu akaigeuza.

Chini yake kulikuwa na mistari, imenyooka, imepishana, toka ukingo mpaka ukingo, kama ramani ya mitaa ya mji. Jaji akashusha pumzi. Akamwonyesha karani. Karani naye akashusha pumzi. Utepe wa buluu, ule wa mshindi wa kwanza, ukaenda kwa Valma kwa nusu alama, na kadi yetu ikaandikwa: Keki bora kwa ladha mezani. Pole kwa alama za waya.

Nerida akaisoma kadi mara mbili. Akaniambia taratibu kwamba haiwezekani, keki yake haijawahi kugusa waya. Kisha akanitazama. Macho yakaanza kumjaa machozi. Mimi, angalau hilo nalijua, mwanamke akilia unampa leso. Nikatia mkono mfukoni mwa sweta nikaivuta. Leso ikatoka na sumaku imening'inia. Na juu ya sumaku, katikati ya nyuzi za sufi, imejibandika springi, ndogo kama punje ya mchele.

Ilikuwa mfukoni tangu Jumanne. Kifaa kilikuwa kinasema kweli, ila kilikuwa kinanisema mimi.

Athol akainama kuitazama kwa karibu. "Hiyo ndiyo nati ya trekta?" akauliza. Valma akamvuta mkono akamwambia anyamaze, na nitamshukuru kwa hilo maisha yangu yote.

Ikabidi niseme yote, pale pale, nimevaa aproni. Nerida alisikiliza mpaka mwisho. Nilitegemea kelele, na ningeipokea. Alisema tu, "Desmond, ungeniambia Jumanne, ningeoka nyingine."

Tumerudi nyumbani. Mficha maradhi, kilio humfichua. Nina aibu ambayo sijui niiweke wapi.

Jumapili, 14 Septemba

Asubuhi tumekuta mfuko wa plastiki unaoonyesha umefungwa kwenye geti letu kwa utepe. Athol. Nerida aliufungua akauweka mezani mbele yangu, kisha akaenda kwa dada yake pamoja na keki iliyobaki. Mlangoni alisema hana kinyongo. Alisema pia kwamba mwakani ataoka tena, ila hajui kama atapata tena moto kama ule, maana oveni yetu huunguza upande wa kushoto.

Maneno hayo yameniingia. Nimefikiri sana, na nimejirekebisha. Kosa langu lilikuwa kujifikiria mimi na bunduki yangu. Leo nafanya jambo kwa ajili yake. Bunduki itangoja, springi yake iko salama mfukoni, na mbweha nimemwona juu ya ukuta wa bwawa, hana haraka.

Nimeivuta oveni mbele na kufungua bamba la nyuma. Mfuko wa Athol umefaa sana: nimetia humo skrubu zote. Kumbe ndani mna kidude cha kupima joto, na nyuma yake, huwezi kuamini, mna springi, nyembamba kama unywele. Sitaigusa.

Ninataka tu kuiona inavyokaa.