Mlinzi wa Maneno Mawili

Jumanne, 1 Agosti 1995
Nimepata! Mwongozaji Jilala, aliyetoka Mwanza kupiga filamu ya video huku kwetu Musoma, amenipa nafasi. Mlinzi. Nafungua geti la tajiri, nasema, "Karibu, bosi." Maneno mawili. Wapo walioanza bila hata moja.

Mke wangu Boke nimemwambia ni nafasi kubwa. Kosa! Jioni habari zilishafika Guta kwa baba yake, Mzee Mwikwabe. Tangu kiwanda kitupunguze kazini, mzee huyo husema binti yake aliolewa na kivuli. Sasa anataka kuja kuitazama filamu. Lazima mlinzi akue.

Jumatano, 2 Agosti
Bunda, nyumbani kwa mnunuzi wa pamba. Machage, mwenyeji wa hapa, anacheza dereva. Maneno matano na gari! Ananiita "mdogo wangu", ilhali nimemzidi umri.

Mpango: mlinzi awe mgonjwa. Akiugua ataitiwa daktari, daktari atamhoji, tayari tuna mazungumzo. Nikafungua geti, nikakohoa. Nikakohoa tena hadi nikashika ukuta. Jilala akasimamisha kamera, akauliza kama naumwa. Nikamwambia mimi mzima, anayeumwa ni mlinzi. Akasema mlinzi apone sasa hivi.

Amepona.

Alhamisi, 3 Agosti
Kama siwezi kupanda, basi Machage ashuke. Nikamnong'oneza kwamba Jilala anapenda mwigizaji aitazame kamera moja kwa moja, bila kupepesa. Uongo mtupu. Akaamini! Akatoa macho kama sato kwenye barafu. Hakupepesa hadi machozi yakamtoka. Nikasubiri afukuzwe.

Jilala akapiga makofi. Akasema machozi yale yana siri. Dereva sasa anampenda binti wa tajiri, na atalia mpaka mwisho wa filamu. Machage amekuja kunishukuru. Kwa kunikumbatia!

Ijumaa, 4 Agosti
Butiama, harusi ya binti wa tajiri. Mlinzi hakualikwa. Nikajialika, na sare yangu na rungu. Jilala akauliza geti la Bunda nimemwachia nani. Nikasema binamu. Watu wakacheka, hata yeye. Akaniruhusu nikae nyuma ya wapiga ngoma, nisisogee.

Nilisogea kidogo tu. Kila waliporudia kupiga picha, hatua moja. Nilipomkaribia bibi harusi, Getruda, nikajikwaa kwenye kamba ya turubai. Nguzo ikalia. Turubai likashuka taratibu, kama mzee anayekaa chini, likatufunika wote: bibi harusi, mchungaji, sufuria za pilau.

Jilala hakupiga kelele. Hapo ndipo nilipoogopa. Akasema, "Clementi. Musoma ni kule."

Jumamosi, 5 Agosti
Nyumbani Nyasho. Nimemwambia Boke sehemu yangu imekamilika mapema kwa sababu ya ubora. Akanitazama, akaweka mwiko chini.

"Baba Gati, mzee ameshaalika wenzake wa kanisani. Aibu, mimi nimezoeaga. Baba hajazoea."



Jumapili, 27 Agosti
Kibanda cha video, hapa hapa Nyasho. Mzee Mwikwabe mbele kabisa, koti na kofia. Geti likafunguka. Mkono! Mkono wangu tu, na sauti ya Machage ikisema, "Karibu, bosi." Mzee akageuka polepole kunitafuta. Nikainama kana kwamba nimeangusha kitu.

Kisha harusi. Jilala hakulikata turubai! Likashuka, na miguu yangu ikachomoza chini yake, ikirusha mateke kama ya mbuzi anayepelekwa mnadani. Boke akasimama: "Hiyo miguu ya Baba Gati!" Kibanda kizima kikaangua kicheko. Mzee alicheka hadi akavua kofia, akajifutia machozi nayo. Akaomba kanda irudishwe nyuma waone tena. Tulipotoka alinishika mkono, akasema tangu nimwoe binti yake hajawahi kuniona nikijituma namna ile.

Jilala naye alikuwepo. Ana filamu mpya na ananitaka. Mgonjwa aliyezimia, kitandani mwanzo hadi mwisho. Hakuna neno hata moja, nisitikise hata kidole. Nimeapa mbele ya Boke na mzee kwamba nitalala kama gogo.

Ila mgonjwa huweweseka. Na mimi nikiweweseka, nahutubiaga.