Kilo Mbili ya Kufika Katana

Radio-trottoir, ile habari ya barabarani, haina antene na haina saa ya kulala. Ile dimanche, siku ya misa, ilitangazia mu mudomo ya Bulonza, mbele ata sijameza beignet ya kwanza: kule Katana, baba ya Agathe amepata mukwe mwingine. Huyo mukwe iko na mobilete, ile pikipiki ndogo. Atafika leo leo, na muzee amesema mwenye atakuwa pale mbele ya saa sita njo atasikilizwa.

Na Agathe, bandugu, ni mimi nilikuwa nimemuposa. Miaka mbili nilikanyaga kinga, ile baiskeli yangu, milima kwa milima, kupeleka salamu na chumvi. Ile asubui nilikuwa nimefunga bidon ya kasiksi kwa porte-bagage, nyuma ya kiti, ju baba ya Agathe anapenda sana ile pombe ya ndizi, nikasimama kwa banc, ile benchi ya Maman Georgette, muuzisha chai, hapa Kadutu, nikunywe chai ya haraka. Kwa ile banc mutu hajatoka haraka ata siku moja.

Tangu serikali ikataze majina ya batizo, bamama bamekatala kuachilia yabo, lakini sisi banaume tunaitana kwa majina ya utani. Bulonza ni Deux Kilos, ju alifagia garage miaka tatu, na kutoka pale kila mupira kwake inataka kilo mbili ya upepo, ikuwe ya kinga ao ya camion. Sacristain anagonga kengele ya misa, anapima upepo na kidole gumba, macho amefunga, kama mutu anaombea mugonjwa. Mimi ni Docteur Upepo. Pompi ya hii avenue yote ni yangu, haitoke kwa kinga yangu, na nimefundisha batu mingi kusema mupira laini inakula chambre à air, ile mupira ya ndani, mupira ngumu inaruka kwa mawe. Mganga hajigangi.

Deux Kilos akaangalia kinga, akasema iko sawa, niende. "Kilo mbili inafika Katana."

Sacristain akafinya mupira ya nyuma, akasema iko laini. Deux Kilos akamuuliza ile kidole ilipata brevet ya fundi kwa masomo gani. Mabishano ikawaka. Mimi, mwenye saa inanikimbia, ningepanda tu. Lakini docteur anaachaje bagonjwa banabishana bila yeye?

"Tupime na uzito," nikasema. "Mutu aikale nyuma. Mupira ikishuka, upepo ni kidogo."

Tukafungua kamba ya bidon, tukaiweka chini. Sacristain akaikala, mupira ikashuka, nikapompa. Deux Kilos akaikala na hasira yake, ikashuka, nikapompa tena. Na ju kazi ya nusu si kazi, tukamuomba Maman Georgette. Maman Georgette ni kilo mia, na heshima yake juu. Akaikala na birika ya chai mukononi, mupira ikalala kabisa. Nikapompa mpaka shati ikalowa, mpaka ata yeye akiikala mupira haisogee. Batu bakapiga makofi.

"Citoyen," Deux Kilos akaniambia polepole, "wewe unabeba bidon. Hauendi na Maman Georgette."

Nikamujibu ni wivu, nikafunga bidon tena, nikapanda.

Mpaka Mudaka kinga iliruka kwa kila jiwe, kasiksi inanimwagikia mugongo. Pale jua ikapanda, mupira ikapasuka, paa! Bamama ya soko bakalala chini na mihogo yabo, banafikiri ni bunduki. Chambre à air ningebandika, lakini pneu yenyewe, ile mupira ya inje, ilifunguka kama mudomo ya samaki. Nikaanza kusukuma.

Karibu na Kavumu nikakuta bwana moja kando ya barabara, abacost mupya, ile suti bila kravati, viatu inangaa, anaangalia mobilete yake. Mupira ya mbele haikutoboka, upepo tu ilipunguka. Ninyi munaonisikia mumeisha kuelewa. Mimi, hapana. Mutu akinitajia upepo, akili yangu inatoka inaenda kutembea. Nikafungua pompi, nikamufundisha: kwa hii barabara hapana kujaza mpaka ngumu, ndugu, tia kilo mbili, basi. Nikapompa mimi mwenyewe, nikapima na kidole gumba, macho nimefunga.

Akasema asante, tonton, kama mutoto anaita mujomba, akaniuliza naenda wapi.

"Kwa bukwe, kwa baba ya muchumba."

"Ata mimi," akasema, akacheka vizuri, akaondoka. Ilikuwa saa tano.

Nilifika Katana saa tisa. Balikuwa bameisha kula. Agathe aliniangalia, akaangalia ile kinga, kisha akaangalia chini. Iliniuma, bandugu, sitabadanganya. Ule bwana akasimama, akamuambia muzee mbele ya bote: bila huyu tonton, singefika. Bakanipatia kiti ya heshima na glasi ya kasiksi yangu mwenyewe, ile kidogo ilibakia.

Kesho yake, lundi, nikarudi kwa banc. Radio-trottoir ilikuwa imenitangulia, ju hakuna mwenye alinisalimia kwa sauti. Maman Georgette akanimiminia chai. Sacristain alikuwa anaangalia kidole yake. Deux Kilos akangoja nimalize beignet.

"Ule bwana," akauliza, "ulimutilia ngapi?"

"Mbili."

Akachukua kofia yake, akasimama kuenda kazini.

"Si nilikuambia? Kilo mbili inafika Katana."